SG Mwekundu na Kookaburra Mweupe: Mpira Upi Umfae Mrushaji Aliyechelewa

Shika mpira mpya wa kriketi wa SG mkono mmoja na Kookaburra Turf mweupe mkono wa pili, fumba macho, kisha pitisha kidole gumba juu ya mshono wa kila mmoja. Hutahitaji kuambiwa upi ni upi. Mshono wa SG umesimama kama kamba iliyolazwa juu ya ngozi, na kucha inanasa. Kwenye Kookaburra kidole kinapanda na kushuka bila kukwama, kisha kinakutana na ngozi yenye vanishi, inateleza kama sahani iliyotoka kuoshwa. Uzito ni ule ule, mzingo ni ule ule, sheria ni moja. Lakini kwa mrushaji wa legispini, anayeuzungusha mpira kwa kifundo cha mkono na kidole ili ugeuke ukigonga chini, hii ni mipira miwili isiyofanana, na wengi wanaopanda kutoka klabu kwenda kriketi ya kulipwa wakiwa watu wazima hujikwaa hapo hapo.

Kijana wa miaka 16 aliyeko kwenye akademia ana misimu mitano ya kuuzoea mpira mpya. Mtu wa miaka 30 na kitu, anayefanya kazi mchana na kurusha jioni, akiitwa majaribio huitwa mara moja. Anapewa mpira mweupe ambao hajawahi kuushika, anarusha ova mbili (ova moja ni mipira sita), tatu kati ya mipira hiyo 12 inadondoka fupi mno, na wateuzi wanafunga daftari. Kwa hiyo tunaipima mipira hii kwa macho ya mtu huyo: upi unamfundisha, upi unampitisha, na anunue mingapi ya kila aina.

Mfano mzuri kuliko yote ni Pravin Tambe wa Mumbai. Alizaliwa Oktoba 1971 na alianza kama mrushaji wa kasi ya wastani kwenye klabu na timu za kampuni za jiji hilo, akageukia legispini akiwa tayari mtu mzima. Mwaka 2013 Rajasthan Royals, chini ya nahodha Rahul Dravid, walimchezesha IPL, ligi ya kulipwa ya India, akiwa na miaka 41. Hakuwa amewahi kucheza mechi hata moja ya daraja la kwanza, yaani zile za siku nyingi. Mwaka huo huo akaongoza kwa wiketi, yaani kutoa wapigaji, katika Ligi ya Mabingwa ya T20 (kriketi fupi ya ova 20 kwa kila timu), wiketi 12, na ndipo Mumbai wakamwita Ranji Trophy, shindano la daraja la kwanza la India, akiwa ametimiza 42. Mei 2014, pale Ahmedabad, Kolkata Knight Riders walikuwa na mikimbio (pointi) 121 bila kupoteza mtu. Wakaanguka mpaka 123 kwa wiketi sita. Tambe alipata hatriki, wiketi tatu mfululizo, katikati ya maporomoko hayo: Manish Pandey alitolewa na mlinda wiketi kwa mpira ulioitwa waidi (uliopita mbali mno na mpigaji), Yusuf Pathan akaudakisha kwa mrushaji mwenyewe, na Ryan ten Doeschate akanaswa mguu mbele ya wiketi. Kwa kuwa waidi haihesabiwi, ilikuwa hatriki ya mipira miwili halali. Kwa watu wanaopenda legispini, hiyo ni moja ya ova tamu kuliko zote zilizowahi kurushwa.

Sasa angalia njia aliyopita. Mechi za siku nyingi za India, pamoja na Ranji, huchezwa kwa SG mwekundu. IPL huchezwa kwa Kookaburra mweupe. Yeyote anayetoka klabu za Mumbai kwenda IPL anavuka mto huo kwa usiku mmoja, chini ya taa, na umande juu yake.

Tuanze na ndani, maana bei unayolipa imefichwa humo. Katikati kuna kiini cha kizibo, lile ganda la mti linalozibia chupa, wakati mwingine likichanganywa na mpira laini. Kiini kinazungushiwa uzi wa sufu uliokazwa tabaka kwa tabaka, na vipande vyembamba vya kizibo katikati ya tabaka. Juu yake inakuja ngozi. Mpira wa vipande vinne una robo nne za ngozi: robo mbili zinashonwa kwa ndani kufanya kikombe, vikombe viwili vinageuzwa ili mishono yao ya ndani isikutane, kisha vinaunganishwa kwa mshono mkuu wenye safu sita. Mpira wa vipande viwili hauna mshono wa robo. Ni rahisi, unafaa watoto na mazoezi ya kudaka, lakini hupoteza umbo mapema na haumfundishi mrushaji kitu. Sheria inataka mpira wa wanaume uwe kati ya gramu 155.9 na 163, na mzingo wa sentimita 22.4 hadi 22.9. Wa wanawake ni gramu 140 hadi 151, sentimita 21 hadi 22.5. Mchezaji wa kike asikubali kufundishwa kwa mpira wa kaka yake: kidole kinachobeba kazi ya legispini hufika mahali tofauti kabisa kwenye mpira mdogo.

SG ni kampuni iliyoanzia Sialkot mwaka 1931 na kuhamia Meerut baada ya India kugawanywa. Safu zote sita za mshono wa mpira wake wa daraja la juu, SG Test, hushonwa kwa mkono kwa uzi mnene. Ndiyo maana mshono unabaki umesimama hata ngozi inapochakaa, na ndiyo maana ni mwalimu mzuri. Legispini ya mkono wa kulia inatoka kwenye kidole cha pete. Cha shahada na cha kati vinakaa juu ya mshono kwa kuukata, vimeachana kidogo. Cha pete kimekunjwa, ubavu wake umeegemea mshono. Gumba linagusa tu. Wakati wa kuachia, kiwiko kinanyooka, kifundo cha mkono kinafunguka, na kidole cha pete kinauvuta mshono kwenda juu na kuelekea kushoto. Kwenye SG kidole kina kitu cha kuvuta. Ukikosea, unajua papo hapo, kwa sababu unasikia mshono umekuponyoka kabla mpira haujafika chini. Hakuna kocha anayekupa jibu kwa haraka hiyo.

Ubaya wake upo, tena si mdogo. Wa kwanza ni kwamba mipira ya SG haifanani. Mwaka 2018 Virat Kohli, akiwa nahodha wa India, alilalamika hadharani kwamba mpira unachubuka ndani ya ova tano. Ukinunua sita za daraja la klabu, tarajia mmoja au wawili wenye mshono uliolala upande mmoja, au ngozi yenye doa laini. Wa pili ni kidole chenyewe. Mshono mpya wa SG ni msasa: ukirusha mipira 100 kwa siku bila kuzoea, ngozi ya ubavu wa kidole cha pete, karibu na kiungo cha kwanza, itapasuka, na utapumzika wiki nzima. Anza na 36, ongeza 12 kila wiki, na tumia mpira uliokwisha rushwa ova 20 badala ya mpya. Usizoee kubandika plasta, kwa sababu kwenye mechi rasmi mwamuzi atakuamuru uibandue kwenye mkono wa kurushia.

Ubaya wa tatu ndio mkubwa, na unatokana na uzuri ule ule. SG inakudekeza. Mrushaji aliyeishi na mshono uliosimama kwa miaka kumi anaweka kazi yote kwenye kidole na kusahau kifundo cha mkono.

Kookaburra Turf inamfichua mtu huyo. Kampuni hii ya Melbourne, iliyoanzishwa 1890, hushona kwa mkono safu mbili za katikati tu, zile zinazoshikilia vikombe viwili pamoja. Safu nne za pembeni ni za mashine. Mshono wa namna hiyo hulala mapema, na kwenye mpira mweupe vanishi yake nzito huongeza utelezi. Umbo na ugumu wake lakini ni wa kuaminika kuliko SG: ukinunua miwili, inafanana kama mapacha. Kwa mtu anayejiandaa na mechi moja muhimu, hilo lina thamani kubwa.

Mrushaji wa SG akipewa Kookaburra hufanya kosa lile lile kila mara: anakaza. Mshono haumpi mshiko, kwa hiyo vidole vinabana, gumba linaanza kusukuma, kifundo kinafunga. Mpira uliobanwa huachiwa kwa kuchelewa, na unaochelewa kuachiwa unadondoka fupi. Mpigaji anarudi nyuma na kuupeleka pembeni. Akijaribu kurekebisha anaachia mapema, nao unakuwa fulitosi, haugusi chini kabisa. Fupi, fulitosi, fupi: ukiona mfuatano huo usilaumu urefu wa mbio zako, laumu gumba. Dawa ni kuingiza mpira ndani ya kiganja kwa nusu ya upana wa kidole, kuinua gumba kabisa kwa mipira sita ya kwanza, na kuacha kifundo cha mkono kifanye kazi ambayo mshono ulikuwa unaifanya.

La pili ni kukubali kwamba mpira huu hautageuka sana. Tambe hakuwa mtu wa kugeuza mpira nusu mita. Mkono wake wa zamani wa kasi ya wastani ulimwezesha kurusha legispini ya haraka na bapa, ikielekea kwenye wiketi, na gugli, ule mpira unaogeuka upande wa kinyume, iliyofichika vizuri. Mtindo huo unakaa vyema na mpira mweupe: ukikosewa na mpigaji unagonga wiketi au mguu, na hana muda wa kuukimbilia. Anayetaka kuning'iniza mpira juu kama kwenye mechi ya siku nne anaweza, ila awe na usahihi wa hali ya juu, maana mpaka wa uwanja kwenye T20 uko karibu na mpigaji hana aibu.

Afrika Mashariki tuna mashahidi wetu, ingawa hawakuwa wa legispini. Aasif Karim wa Kenya, mrushaji spini wa mkono wa kushoto, aliitwa kutoka kustaafu kwa Kombe la Dunia 2003. Akiwa na miaka 39, pale Durban, aliwarushia Australia ova 8.2, sita kati ya hizo hazikutoa hata mkimbio mmoja, akaruhusu mikimbio 7 na kuchukua wiketi 3, Ricky Ponting akiwa mmoja wao. (Huyu ni mtu aliyeichezea Kenya tenisi ya Davis Cup pia.) Frank Nsubuga wa Uganda alikuwa na miaka 43 alipocheza Kombe la Dunia la T20 mwaka 2024, dhidi ya Papua New Guinea, kwenye uwanja wa Providence huko Guyana, alirusha ova zake 4 kwa mikimbio 4 na wiketi 2, na Uganda wakapata ushindi wao wa kwanza wa Kombe la Dunia. Mpira ulikuwa Kookaburra mweupe. Nsubuga hakuugeuza sana. Aliuweka pale pale, kwenye mstari wa wiketi, kasi ikipanda na kushuka kidogo kidogo.

Turudi dukani. Kookaburra Turf mmoja hununua SG za daraja la klabu kadhaa, na kwa mtu anayejilipia mwenyewe hilo ni jambo zito. Pendekezo letu: SG sita za vipande vinne za daraja la klabu, SG Test mmoja, na Turf mweupe miwili. Zile sita ni za kazi. SG Test ni wa kupimia: ukitaka kujua kama kidole kimeboreka, rusha huo. Turf miwili, mmoja utunzwe mpya, wa pili uchakazwe kwa makusudi mpaka ufike hali ya ova ya 12, kwa kuwa mrushaji spini wa T20 mara nyingi hapewi mpira mpya. Usinunue mpira wa bei rahisi ulioandikwa majina makubwa lakini hauna mshono wa robo. Geuza, tafuta ule mstari mwembamba unaoikata ngozi ya kila kikombe katikati. Kama haupo, ni wa vipande viwili, hata kibandiko kiseme nini.

Ukiwa dukani fanya haya kabla ya kutoa pesa. Pima kwa mizani ya jikoni. Wa wanaume ukiwa chini ya gramu 156, uurudishe. Zungusha utepe wa fundi nguo juu ya mshono, kisha mahali pengine. Tofauti ikizidi milimita tatu, mpira ni yai. Bonyeza ngozi kwa gumba sehemu nane: panapobonyea kuliko pengine, uzi wa ndani umelegea, na hapo ndipo umbo litaharibika kwanza. Angalia mwanzo na mwisho wa uzi wa mshono. Ncha iliyochomoza itakatika ukigonga kapeti ya pichi. Mwisho urushe juu ukizunguka, mshono ukiwa wima: mshono ukiyumba kama gurudumu lililopinda, kikombe kimoja kimeshonwa vibaya.

Kapeti yenyewe inahitaji neno lake. Viwanja vingi vya klabu zetu vina pichi ya zege iliyofunikwa mkeka au nyasi bandia, na hiyo ni adui wa Turf. Vanishi inachubuka kwenye ova chache za kwanza, ngozi inaota manyoya, na baada ya hapo unachorusha si Kookaburra tena. Itumie pale tu ulipo na pichi ya udongo, kama Nairobi Gymkhana au uwanja wa Gahanga, Kigali. Kwenye mkeka tumia SG za klabu, ukijua kwamba mkeka unageuza na kuruka kuliko udongo. Mrushaji anayejipima kwa mkeka peke yake anajiona Shane Warne, gwiji wa legispini, kisha anafika kwenye udongo mgumu na mpira unaenda moja kwa moja. Kama klabu yako haina udongo, tafuta walau siku moja kwa mwezi kwenye uwanja wenye udongo. Gharama ya safari hiyo ni bora kuliko mpira wa tatu.

Utunzaji ni mfupi. Pwani, kuanzia Mombasa hadi Mtwara, unyevu huotesha ukungu kwenye ngozi. Usifunge mpira kwenye mfuko wa plastiki, ufunge kwa kitambaa cha pamba na uuache pahali penye hewa. Ukilowa, futa, kausha kivulini siku mbili. Jua au jiko hukausha ngozi kwa haraka, ngozi inajikunja, na mshono unafunguka. Usiuache kwenye buti la gari. Na zoea kung'arisha kwa jasho na suruali tu, kwani mate yamepigwa marufuku moja kwa moja kwenye Sheria tangu Oktoba 2022, na mazoea ya klabu ndiyo yanayokuaibisha mbele ya mwamuzi.

Mazoezi ya mpito, kwa mwenye jioni tatu kwa wiki. Weka leso chini, mita nne kutoka kwenye wiketi ya mpigaji. Jioni ya kwanza ni SG pekee: mipira 48, kidole cha pete ndicho unachokisikiliza. Ya pili, 24 za SG halafu 24 za mweupe bila kupumzika katikati, kwa sababu ule mshtuko wa kubadili ndio unaoufanyia mazoezi. Hesabu mingapi imetua ndani ya hatua moja ya leso. SG ikikupa 16 na mweupe ukakupa 7, kazi yako iko kwenye kifundo cha mkono, wala usiongeze kasi bado. Pengo likishuka hadi mipira mitatu, anza kuongeza gugli, moja kwa kila ova, si zaidi.

Jioni ya tatu ni ya mweupe uliochakaa peke yake, ova nne, yaani mipira 24, kama mgawo wa mechi ya T20, na mpigaji halisi kwenye neti. Hapa tunaongeza umande. Weka ndoo ya maji nyuma ya alama ya mbio zako. Chovya mpira mpaka mshono uzame, utoe, ufute mara mbili kwa taulo kavu, ya kwanza kuuzunguka mshono wote, ya pili ngozi. Kisha paka vidole vumbi la pembeni ya pichi na uvifute vikauke, maana mkono wenye udongo unaoacha alama kwenye mpira mweupe utaitwa kuharibu mpira. Rusha. Mipira sita ya kwanza itakimbilia popote. Kuanzia ova ya pili gumba linaacha kubana lenyewe, na mpira unaanza kutua karibu na leso.